Insha Isiyo na Hoja

Katika vyuo vikuu ambamo Kiswahili husomeshwa kwa Kiswahili chenyewe, insha ya mwanafunzi imepata sura moja ambayo msahihishaji huijua kabla ya kuisoma. Swali laweza kuwa la fasihi, la isimu au la historia ya lugha. Jibu huanzia mahali pamoja. Huanza kwa fasili. Mtaalamu wa kwanza asema hivi, na mwaka wake umo katika mabano. Wa pili asema vile, na mwaka wake pia umo. Wa tatu, wa nne na wa tano wapita kwa zamu, kama watu waliopanga foleni mbele ya dirisha la posta. Foleni ikiisha, mwanafunzi huandika kwamba kwa ujumla wataalamu hao wote wanakubaliana, hata ikiwa wawili kati yao walipingana maisha yao yote. Kisha hufuata orodha ya vipengele, kila kipengele na mfano wake mmoja, na mwisho huja hitimisho linalorudia yaliyokwisha kusemwa na kutoa ushauri kwa serikali, kwa wazazi na kwa jamii.

Insha ya namna hii haina kosa la kuonekana kwa urahisi. Marejeo yake ni kamili, aya zake zimepangwa, na kichwa chake kimepigiwa mstari. Hupata alama za kutosha, na aliyeiandika hufaulu. Kasoro yake ni moja tu, nayo ni kubwa: haidai kitu. Ndani yake hamna sentensi hata moja ambayo mtu mwenye akili timamu angeweza kusimama na kuikataa. Mwandishi wake akiulizwa alikuwa akibishana na nani, hushangaa, maana hakujua kwamba aliitwa kubishana. Alidhani ameitwa kuonyesha kwamba amesoma.

Lawama ya jambo hili aghalabu hutupwa juu ya kijana. Husemwa kwamba hasomi vitabu, kwamba ni mvivu, kwamba simu imemharibu. Lawama hiyo si ya haki. Mwanafunzi huandika kile anachotuzwa kwacho. Akiona kwamba fasili tano zina alama tano na hoja haina alama iliyotengwa, hana sababu ya kujitaabisha na hoja. Chuo Kikuu hutahini ustadi ambao hakiufundishi, kisha hulalamika kwamba ustadi huo umepotea. Yafaa lawama irudi mahali ilikotoka.

Mwanzo wa tabia hii u shuleni, na hapana budi kusema kweli juu ya shule kabla ya kusema kweli juu ya Chuo Kikuu. Nchini Kenya karatasi ya kwanza ya Kiswahili katika mtihani wa kidato cha nne ni ya insha. Mtahiniwa hutunga insha mbili. Ya kwanza ni ya lazima, na ya pili huichagua kati ya maswali matatu, ambamo mara nyingi imo methali ya kutungiwa kisa, au sentensi ya kuanzia au ya kumalizia. Mtoto aliyefunzwa kwa ajili ya karatasi hiyo hujifunza kuipamba lugha. Hukariri tashibihi za jua na jogoo, huweka akiba ya nahau, na huzitawanya katika kurasa zake kama mtu anyunyiziaye maji ya marashi arusini. Hilo si baya mahali pake. Kisa chahitaji pambo, na mtoto ahitaji msamiati. Walakini kijana huyo afikapo Chuo Kikuu hapewi mtu wa kumwambia kwamba sasa ameingia katika kazi nyingine. Hujigundulia mwenyewe kwamba methali hazitakiwi tena, na mahali pa methali hutia majina ya wataalamu. Pambo limebadilika, lakini kazi ni ile ile. Jina la mtaalamu huwekwa ili ukurasa upendeze, wala si kwa sababu aliyoyasema yanahitajika hapo.

Jina lenyewe la insha lasaidia kueleza kosa hili. Neno hilo lilitoka katika Kiarabu, ambako maana yake ni kuumba au kuanzisha, na kwa karne nyingi lilikuwa jina la ufundi wa makatibu wa serikali: ufundi wa kutunga barua za wafalme kwa lugha teule. Al-Qalqashandi wa Misri, aliyefariki mwaka 1418, aliandika kitabu kikubwa sana cha kuwaongoza makatibu katika ufundi huo. Katibu hakutakiwa kutoa rai yake. Alitakiwa kuivisha nguo nzuri rai ya mkubwa wake. Huko Ufaransa, Michel de Montaigne alipotoa maandishi yake mwaka 1580 aliyapa jina lenye maana ya majaribio, kwa kuwa alikuwa akiyajaribu mawazo yake mwenyewe aone kama yasimama au yaanguka. Vyuo vikuu vya Afrika Mashariki vyatumia jina la katibu na vyadai kazi ya mjaribu. Mwanafunzi asipoambiwa tofauti hiyo, hubaki katibu: huivisha nguo rai ya mkubwa, na wakubwa wake ni wale wataalamu walio katika foleni.

Mfano mmoja watosha kuonyesha hasara inayopatikana. Kitabu cha Shaaban Robert kiitwacho Kusadikika kilitoka mwaka 1951, na vizazi vingi vya wanafunzi vimekisoma. Swali ambalo huulizwa juu yake mara kwa mara ni kutaja na kufafanua dhamira zake. Mwanafunzi hufasili dhamira kwa majina matano, kisha huorodhesha: uongozi mbaya, umuhimu wa sheria, uzalendo, ukosefu wa haki. Chini ya kila moja huandika kwamba dhamira hiyo ina uhusiano na jamii ya leo. Hayo yote ni kweli, na yote hayana faida, kwa kuwa hakuna msomaji aliyewahi kuyakana. Mtu hahitaji miaka mitatu ya Chuo Kikuu ili aseme kwamba uongozi mbaya ni mbaya.

Ajabu ni kwamba kitabu hicho hicho kina kielelezo cha insha ya kitaaluma kuliko vitabu vingi vya mwongozo. Karama ameshtakiwa na Waziri Majivuno kwa kutaka kufundisha uanasheria. Asimamapo mbele ya mfalme haanzi kwa kufasili sheria. Ana dai moja: kwamba Kusadikika huwaadhibu wale wanaoiletea mema. Dai hilo lakatalika, na mshtaki wake yupo pale pale tayari kulikataa. Kisha aleta ushahidi, wajumbe sita waliotumwa pande sita, kila mmoja na habari zake, na kila habari yaongeza uzito wa dai lile lile. Mwanafunzi asomaye kesi hiyo kwa makini angeweza kujifunza mambo matatu: kwamba hoja hutangulia ushahidi, kwamba ushahidi huchaguliwa kwa ajili ya hoja, na kwamba mpinzani huheshimiwa kwa kujibiwa. Badala ya hayo huambiwa ahesabu dhamira.

Yamkini mwalimu atauliza swali gani basi liulizwe. Maswali yapo mengi. Mfalme ndiye hakimu wa kesi, na mwishowe Karama aachiliwa huru. Je, amewekwa huru na sheria, au na moyo wa mfalme uliolainika? Ikiwa ni moyo wa mfalme, basi kitabu kilichoandikwa kuitetea sheria kimeishia katika hisani ya mtu mmoja, na mtetezi wa kitabu hana budi kueleza kwa nini. Ikiwa ni sheria, basi na ionyeshwe ni sheria gani, na iko ukurasa gani. Swali la namna hii halijibiwi kwa orodha. Humlazimisha mwanafunzi kurudi kitabuni, kusoma hukumu mara ya pili, kuchagua upande, na kuogopa kidogo kwamba huenda amekosea. Hofu hiyo ndogo ndiyo alama ya kwamba ameanza kuandika.

Wako watakaosema kwamba fasili haziepukiki katika taaluma, kwani watu hawawezi kujadiliana juu ya jambo wasilolifafanua. Wasema kweli, lakini fasili ni chombo cha kazi, na chombo huchaguliwa. Katika mwaka 1954 Kaluta Amri Abedi alitoa Sheria za Kutunga Mashairi na Diwani ya Amri, akashikilia kwamba shairi lazima liimbike, na vina na mizani vilikuwa miongoni mwa sheria zake. Mwaka 1974 Euphrase Kezilahabi akatoa Kichomi, diwani iliyojaa tungo zisizofuata sheria hizo. Mwaka 1979 M. M. Mulokozi na K. K. Kahigi wakatoa Kunga za Ushairi na Diwani Yetu, wakadai kwamba vina na mizani si roho ya ushairi. Huo ulikuwa ugomvi wa kweli, na ulidumu miaka mingi. Mwanafunzi wa leo huwapanga watu hao katika aya moja, kila mmoja na sentensi yake, kisha huandika kwamba kwa ujumla ushairi ni sanaa itumiayo lugha ya mkato. Amewapatanisha watu ambao hawakupatana, na kwa upatanisho huo ameua swali.

Angetwaa fasili mbili tu, ya mwaka 1954 na ya mwaka 1979, angeona kwamba kwa ile ya kwanza sehemu kubwa ya Kichomi si mashairi, na kwa ile ya pili ni mashairi. Hapo angelazimika kuuliza: fasili ya kwanza ilieleza ushairi wote wa Waswahili, au ule tu ulioandikwa na malenga wa mwambao na washairi wa magazetini? Nyimbo za ngoma na za kazi ziwekwe wapi? Na fasili ya pili, ikiondoa vina na mizani, yatenganisha vipi shairi na nathari nzuri? Kurasa nne zingejaa bila mtaalamu wa tatu kuitwa.

Pingamizi la pili ni la adabu. Husemwa kwamba kijana wa mwaka wa kwanza hana haki ya kubishana na maprofesa, na kwamba mila za Kiafrika hazimruhusu mdogo kumkosoa mkubwa. Hoja hii huvaa kanzu ya utamaduni, lakini utamaduni wa Kiswahili haukuituma. Muyaka bin Haji wa Mombasa, aliyefariki karibu mwaka 1840, alikuwa mshairi wa mabishano, naye alirushiana tungo na wapinzani wa mji wake. Gazeti la Mambo Leo, lililoanza mwaka 1923, lilikuwa na kurasa za washairi, na washairi wa magazeti waliulizana, walijibizana na kusahihishana mbele ya wasomaji wa nchi nzima. Malumbano ni sanaa ya kale ya lugha hii, na yana adabu yake: mwenye kujibu hulishika kwanza neno la mwenzake kama lilivyo, kisha hulijibu. Adabu hiyo ndiyo adabu ya insha ya kitaaluma. Kumnukuu mtaalamu bila kumjibu si heshima. Ni kumwalika mgeni barazani na kukataa kusema naye.

Pingamizi la tatu ndilo zito kuliko yote, nalo ni la idadi. Darasa la mwaka wa kwanza laweza kuwa na mamia ya wanafunzi na mhadhiri mmoja. Mtu huyo hawezi kusahihisha insha mia tatu za kurasa kumi kwa uangalifu, na asiyekubali hivyo hajawahi kubeba mzigo huo. Lakini jambo hili lathibitisha kinyume cha linavyokusudiwa kuthibitisha. Maadamu kurasa kumi hazisomeki, kwa nini zaagizwa? Ni urefu huo ndio unaozaa foleni ya fasili, kwani kijana asiye na hoja na mwenye kurasa kumi za kujaza hana budi kuwaita wataalamu waje wamsaidie kuzijaza. Ukurasa mmoja husomeka kwa dakika chache. Katika ukurasa mmoja hapana mahali pa kujificha. Hoja ipo au haipo, na mwalimu huiona mara moja.

Kwa hiyo dawa haihitaji kutafutwa mbali. Swali liwe na pande mbili ambazo watu wawili wenye busara wangeweza kuzishika. Sentensi ya kwanza ya jibu iwe dai, na dai liwe la namna ambayo mtu mwingine aweza kulikana. Ushahidi utoke katika kitabu chenyewe au katika lugha yenyewe, na kila ushahidi ufuatwe na maelezo ya vipi unalishika dai. Nukuu isiachwe peke yake kama mtoto aliyesahauliwa sokoni. Mpinzani apewe aya yake, naye apewe hoja yake iliyo bora, si ile dhaifu iliyotengenezwa ili ianguke. Kisha, na hili ndilo linaloachwa kila mahali, karatasi irudi kwa mwandishi wake ikiwa na maneno mawili au matatu ya mwalimu, iandikwe upya, na alama zitolewe kwa andiko la pili. Hakuna fundi seremala aliyefunzwa kwa kufanya kiti kimoja mwishoni mwa mwaka na kuambiwa kimepata alama hamsini na tano. Huambiwa mguu umepinda, huunyoosha, na huonyesha tena. Mwanafunzi hukabidhi insha yake katika wiki ya mwisho ya muhula, hupata tarakimu, na asilani haoni mahali mguu ulipopinda.

Hapa wahadhiri nao wapasa kujitazama. Makala nyingi zinazoandikwa na walimu kwa ajili ya majarida na makongamano huanza kwa foleni ile ile: fasili, fasili, fasili, kisha kwa ujumla. Mwanafunzi aigaye huiga alichokiona. Idara isiyoweza kuonyesha makala tatu za walimu wake zenye madai ya kukatalika haina haki ya kudai hoja kwa kijana wa miaka ishirini.

Jambo jipya limeongezwa juu ya udhaifu huu wa zamani. Tangu programu ya ChatGPT ilipotolewa mwezi Novemba mwaka 2022, mashine za akili mnemba zaweza kuandika insha ya fasili tano na hitimisho la ushauri kwa muda mfupi kuliko wa kuchemsha chai. Vyuo vimeshtuka, na vimeanza kutafuta mitambo ya kuwanasa wadanganyifu. Mshtuko huo ni wa haki, lakini umetazama upande mmoja. Mashine imeiga insha hiyo kwa urahisi kwa sababu insha hiyo ilikuwa ya kimashine tangu mwanzo. Kijana aliyeipanga foleni kwa mkono mwaka 2005, na yule aliyepangiwa na mashine leo, wametofautiana kwa jasho tu. Wote wawili hawakudai kitu. Mtambo wa kupima mfanano huweza kuonyesha kwamba maneno yameibwa. Hauwezi kuonyesha kwamba maneno ni matupu. Kazi hiyo ni ya msomaji, naye msomaji ni mwalimu aliyekaa na andiko la kwanza, akaliuliza maswali, akaona jinsi andiko la pili lilivyoyajibu.

Yote haya yangekuwa mashaka ya darasani tu kama Kiswahili kisingekuwa na madai makubwa zaidi. Mwaka 1982 Tume ya Rais ya Elimu nchini Tanzania, iliyoongozwa na Jackson Makweta, ilipendekeza Kiswahili kiwe lugha ya kufundishia katika shule za sekondari kuanzia mwaka 1985, na hatimaye katika Chuo Kikuu. Pendekezo hilo halikutekelezwa. Tangu wakati huo watetezi wa Kiswahili wamesema, na wamesema kweli, kwamba lugha hii yaweza kubeba elimu yoyote. Wapinzani wao hawakosi kuuliza: ushahidi uko wapi? Ushahidi ulipaswa kuwa katika Idara za Kiswahili. Huko Dar es Salaam Idara ilianzishwa mwaka 1970, nayo imefundisha kwa Kiswahili kwa zaidi ya nusu karne. Kama kuna mahali ambapo lugha hii ingeonekana ikipima, ikitenganisha, ikikana na kuthibitisha mikononi mwa vijana wa kawaida, ni hapo. Mpinzani akifungua insha ya mwanafunzi na kukuta foleni ya fasili, atasema kwamba Kiswahili chafaa kwa nyimbo na hotuba, na hakifai kwa hoja. Atakuwa amekosea juu ya lugha, lakini waliompa ushahidi huo ni walimu wa lugha.

Shaaban Robert alisoma shule ya msingi huko Dar es Salaam kati ya mwaka 1922 na 1926, wala hakupata kusoma Chuo Kikuu. Mwaka 1954 alitoa Kielezo cha Insha, kitabu chake cha insha, kilichochapishwa na Chuo Kikuu cha Witwatersrand. Mtu huyo alibishana kwa Kiswahili bila shahada yoyote. Ni aibu kwamba leo kijana aweza kupata shahada ya Kiswahili bila kubishana hata mara moja.

Tangu UNESCO ilipoamua mwaka 2021 kwamba tarehe 7 Julai iwe siku ya Kiswahili duniani, lugha hii haikosi mashairi ya sifa wala hotuba za pongezi. Inayokosa ni kazi ya kimya ya muhula mmoja. Kazi hiyo haingoji tume mpya, wala sera, wala mfadhili. Mhadhiri wa mwaka wa kwanza aweza kuianza wiki ya pili ya masomo kwa swali moja lenye pande mbili na karatasi moja kwa kila mwanafunzi, akakataa kupokea fasili yoyote isiyofanya kazi, akazirudisha karatasi hizo wiki ya nne, na akazingoja tena wiki ya sita.